Mji wa Moshi kipupwe hiki: hakuna anayejua kama jiko langu liko ndani au nje

Mpwani Mlimani

Wakuu, habari za usiku. Naandika nikiwa kitandani, nimevaa soksi jozi mbili na koti nililolinunua mitumbani pale Memorial, na bado miguu haijapata moto. Uzi utakuwa mrefu, mnivumilie.

Mimi ni mtu wa Pangani. Nilikuja Moshi mwezi wa pili mwaka huu, 2025, kutunza stoo ya duka la jumla la vifaa vya ujenzi. Mke na mtoto wamebaki nyumbani mpaka nijipange. Nimepanga chumba kimoja juu kidogo ya mji, njia ya kwenda Kibosho, uwani kwa mzee ambaye mwenyewe anaishi Dar. Nyumba yake kubwa ya mbele ina vyumba sita na sijawahi kuona hata dirisha moja limefunguliwa. Mlinzi huja jioni, anakaa na redio yake kwenye kibanda cha getini. Wapangaji tuko wawili; mwenzangu ni dereva wa lori, kwa mwezi analala hapa siku nne, akizidisha ni tano.

Mpaka masika yanaanza nilikuwa sawa. Ikaja Juni na hiki kipupwe. Neno hili nalijua toka shule ya msingi, lakini sikuwahi kulisikia kwenye mifupa. Wiki ya tatu sasa sijauona mlima. Mvua hainyeshi ya kusema inanyesha. Wingu limekaa tu, la kijivu, limeshuka hadi kwenye migomba, na manyunyu yanadondoka bila sauti. Saa kumi na moja jioni tunafunga stoo, saa kumi na mbili na nusu niko ndani, na kuanzia hapo hadi asubuhi sisemi neno na mwanadamu.

Si kwamba watu ni wabaya. Salamu zao ni nzuri mno. Kila asubuhi mama wa jirani, nyumba ya pili, ananiuliza habari za kuamka, habari za baridi, habari za kazi. Namjibu nzuri, nzuri, nzuri, tunapishana. Miezi mitano hiyo. Sijui kiti cha sebuleni kwake kina rangi gani. Kwetu ukipita barazani wakati wa kahawa utaambiwa karibu hata kama hawakujui, na ukikaa umekaa, hakuna atakayekuuliza umefuata nini. Hapa hakuna aliyenifukuza. Ila hakuna aliyeniita.

Kinachoniuma zaidi ni simu. Jana nilipiga nyumbani.

"Umekula?"
"Nimekula. Mtoto?"
"Kalala. Baridi?"
"Ipo."
"Haya."
"Haya."

Sekunde 41. Mimi na mama Aisha tulikuwa watu wa kuongea mpaka mmoja anasinzia katikati ya neno. Sasa mimi simwambii hali yangu kwa sababu najua atakosa usingizi, na yeye nahisi kuna kitu ananificha. Tunapeana taarifa kama karani na mteja dirishani.

Halafu juzi kuna jambo limenitisha. Huwa usiku naingiza jiko la mkaa ndani, nafunga mlango na dirisha, nakaa pembeni yake. Joto lenyewe ni sehemu tu. Lile kaa likiwa jekundu nalitazama, naona kama tuko wawili. Juzi usingizi ukanipitia hapohapo kwenye kigoda. Nimeamka saa nane kichwa kinagonga kama nyundo, moyo unachafuka, magoti hayana nguvu. Nikajikokota hadi mlangoni nikatapika nje. Nikajisemea malaria hiyo. Lakini nikiwa nimeshika fremu ya mlango, ukungu umejaa uwanja mzima hata taa ya mlinzi siioni, lililonijia kichwani ni hili: usiku ule hapakuwa na mtu hata mmoja, wa huku wala wa nyumbani, aliyejua kama jiko langu liko ndani au nje.

Naomba waliowahi kuhamia Moshi au Arusha wakitokea mbali waniambie walifanyaje. Au mtu anazoea tu?

Nesi wa Zamu

Mdogo wangu, kabla ya yote, hiyo si malaria. Hiyo ni hewa ya mkaa, kaboni monoksaidi. Haina harufu, haina rangi, haikabi koo kama moshi, ndiyo maana mtu hashtuki. Ikiingia kwenye damu inakaa pale ambapo oksijeni inatakiwa kukaa, na inapang'ang'ania kwa nguvu zaidi ya mara 200 kuliko oksijeni yenyewe. Kichwa kinauma, moyo unachafuka, mwili unalegea, halafu usingizi. Huo usingizi ndio unaoua. Na watu wengi wanadhani mkaa ukishashika vizuri na moshi umeisha, sasa ni salama kuuingiza ndani. Moshi umeisha, hewa ile inaendelea kutoka mpaka kaa la mwisho.

Nimefanya kazi wodini kanda hii miaka 19. Kila kipupwe tunaletewa watu wa jiko. Wengine hawafiki wodini.

Litoe nje sasa hivi. Usinijibu kwanza. Litoe, fungua dirisha, kisha rudi uandike "liko nje".

Mpwani Mlimani

Liko nje. Na dirisha nimefungua.

Nesi wa Zamu

Ahsante. Chemsha maji hukohuko nje, tia kwenye chupa, funga na taulo, weka miguuni. Kichwa kikiendelea kuuma kesho nenda hospitali, na ukifika sema "nililala na jiko ndani", usiseme homa. Kesho usiku nitakuuliza tena.

Rubani wa Bajaji

Mkuu, tafuta mchumba wa hapohapo. Blanketi moja watu wawili, baridi kwisha.

Mpwani Mlimani

Mkuu, nina mke, na ninayemkosa ni yeye. Hilo sikulileta hapa kwa bahati mbaya.

Wa Sakina

Mimi niko Arusha mwaka wa saba, kwetu Makete. Nataka niseme kitu kuhusu hii baridi inayosingiziwa. Makete mwezi wa sita na wa saba unaamka asubuhi nyasi zimeganda nyeupe. Moshi haifikii hata robo ya ile. Lakini utotoni baridi ndiyo iliyotuweka pamoja. Jiko lilikuwa jengo la peke yake, paa la nyasi linalopumua, moto wa kuni katikati, na jioni kila mtu yuko humo: bibi, wajomba, watoto wa jirani, hadi mbuzi mchanga. Ungetaka kuwa peke yako ungeganda.

Nilipofika Arusha, nikapanga Sakina chumba na sebule, nikapata baridi ndogo na upweke mkubwa. Kwa hiyo nimeshaacha kulaumu hali ya hewa. Ni chumba cha kupanga. Kila mtu na mlango wake, luku yake ya umeme, sufuria yake. Tuko wapangaji wanane na kila jioni majiko manane yanawashwa kupika wali wa mtu mmojammoja.

Sijapata dawa. Naandika ili ujue uko na mwenzio.

Kweli Chungu

Shida ni Wachaga. Pesa mbele, utu nyuma. Rudi kwenu mkuu.

Manka wa Uru

Kweli Chungu, mimi ni Mchaga, nimezaliwa Uru, na maneno hayo nimeyasikia toka nikiwa chuo. Sitakujibu kwa hasira. Nitamjibu mleta mada, kwa sababu yeye ameuliza kwa moyo.

Kaka, angalia jinsi huku tulivyokaa. Pwani nyumba zinatazamana, baraza liko mbele, njia inapita miguuni pa watu. Huku mlimani kila mji uko katikati ya kihamba chake, shamba la ukoo, umezungukwa na migomba na kahawa, na mpaka wake ni masale. Umeyaona bila shaka, yale majani marefu ya kijani yaliyopandwa mstari. Ukipita njiani huoni mlango wa mtu. Tangu enzi za mababu hatukuwa na kibaraza cha kupitia tu. Tulikutana kwa jambo: kusafisha mfongo, ule mfereji unaoleta maji toka juu, kwa zamu, siku ya soko, pombe ya mbege ikiiva kwa fulani, harusi, na zaidi ya yote msiba. Mtu wa huku hajui kukuita bure. Si kiburi, hajui aanzie wapi. Kichwani mwake anasema, huyu kijana ana mambo yake, nisimsumbue. Na wewe unasema, hawanitaki. Masale yamesimama katikati yenu.

Lakini ujue na hili. Isale hilohilo linaloweka mpaka ndilo mtu analoshika mkononi akienda kuomba msamaha. Ukiletewa isale huwezi kukataa kuzungumza. Wazee wetu walichagua jani moja kwa kazi zote mbili, na mimi hadi leo nikiliona getini huwa nalitazama mara mbili.

Na hiyo nyumba ya vyumba sita, njoo uione Desemba. Kuanzia tarehe 20 magari yanajaa mpaka kwenye migomba, mbuzi wanachinjwa, watoto wa Dar wanalia baridi. Tarehe 3 Januari kimya. Mama yangu alikuwa akishinda dirishani wiki nzima baada ya hapo. Tulimjengea nyumba nzuri, akaishi ndani yake na msichana wa kazi na televisheni. Nilikuwa nampigia kila Jumapili, nikamuuliza hujambo mama, akanijibu sijambo. Miaka kumi na moja ya sijambo. Amefariki mwaka juzi mwezi wa saba, wingu kama hili hili. Kwa hiyo usidhani wenye nyumba hawaujui upweke. Wanao, wamefunga geti.

Ushauri wangu ni mfupi: jambo likija, usibaki ndani.

Nesi wa Zamu

Jiko?

Mpwani Mlimani

Liko nje, dada. Kichwa kimepoa. Manka, pole sana kwa mama. Nimesoma ulichoandika mara tatu.

Msafiri wa Kaskazini

Nimezaliwa Machame, sasa hivi nasoma Tromsø, kaskazini mwa Norway. Mji mdogo, watu elfu sabini na kitu. Huku kuanzia mwishoni mwa Novemba hadi katikati ya Januari jua halichomozi kabisa. Mchana unapata mwanga wa buluu saa chache, halafu giza. Mwaka wa kwanza nililala hadi saa sita mchana, nikaamka nimechoka, nikala mikate tu. Nilidhani ni kumkosa mama. Daktari wa chuo akaniambia ni huzuni ya majira, ina jina la kitabibu tangu 1984, akaniambia nikae asubuhi mbele ya taa kali maalumu na nile mafuta ya ini la samaki.

Ila kwako, mkuu, hesabu ni tofauti. Moshi iko nyuzi tatu na ushee tu kusini mwa ikweta. Tofauti ya mchana wa Juni na wa Desemba haifiki nusu saa. Jua lako halijaenda popote, liko juu ya wingu. Upepo wa kusi unatoka Bahari ya Hindi umebeba unyevu, unaugonga mlima upande huu wetu wa kusini, unapanda, unapoa, unageuka wingu. Waulize wapagazi: wakifika kituo cha Horombo huko juu mlimani, mita 3,720, wanaota jua na kuona wingu liko chini kama bahari, ninyi mkiwa chini yake mnawasha taa saa tisa alasiri. Kwa hiyo wingu likipasuka hata kwa dakika kumi saa saba mchana, toka stoo usimame nje.

Kuhusu watu: hapa mtu anaweza kukaa na wewe jengo moja miaka minne bila kukuuliza jina. Kwenye basi akiona kiti cha pembeni yako kiko wazi anasimama. Nilidhani ni rangi yangu, nikaona wanafanyiana wenyewe. Kisha theluji ilipoyeyuka tangazo likabandikwa mlangoni: Jumamosi kuna dugnad. Hiyo ni kazi ya pamoja, wakazi wote wanatoka kufagia na kupaka rangi uzio. Nikapewa reki. Yule mzee wa ghorofa ya pili, ambaye hajawahi kunijibu salamu, alinifundisha kushika reki vizuri na akaongea saa mbili mfululizo kuhusu marehemu mke wake. Nikakumbuka mfongo wa kwetu Machame. Manka amesema kweli: kuna watu lazima mikono yao iwe na kazi ndipo mdomo ufunguke.

Mpwani Mlimani

Kusi? Msafiri, kusi nalijua. Baba yangu ni mvuvi. Kusi likishika kasi ngalawa zinavutwa juu, wavuvi wanakaa kutengeneza nyavu, na samaki sokoni bei inapanda. Sikujua kuwa likishatoka kwetu ndilo linakuja kuwa wingu huku. Nimekaa na hilo wazo tangu asubuhi, stoo imenishinda leo.

Nesi wa Zamu

Jiko?

Mpwani Mlimani

Nje.

Nesi wa Zamu

Nikwambie kitu kingine, maana wanaume mnaona haya. Mwishoni mwa Juni Shirika la Afya Duniani lilitoa ripoti kuwa mtu 1 kati ya 6 duniani anaishi na upweke. Vijana wamo, wazee wamo. Si udhaifu wako wala si ushamba wa mtu wa pwani. Mimi mwenyewe huu uzi nausoma saa tisa usiku, wodi imelala, chai imepoa, na ninyi ndio mnaoniweka macho.

Usilale bila kumwambia mkeo ukweli. Ukweli wa kawaida tu. "Nilitapika peke yangu mlangoni" ni sentensi fupi.

Mpwani Mlimani

Wakuu, nilikaa kimya siku tano, samahani. Nawaletea mrejesho.

Ijumaa usiku nilisikia magari yanapanda, milango inagongwa, watu wanaongea kwa sauti ya chini nyumba ya pili. Baba mkwe wa yule mama amefariki. Wiki mbili nyuma ningefunga mlango nikasema si yangu. Nikakumbuka neno la Manka, nikavaa koti, nikaenda. Nilisimama pale kwenye masale labda dakika tano sijui niseme nini. Hakuna aliyenitazama.

Kilichoniingiza ni turubai. Vijana walikuwa wanafunga turubai uwanjani kwa ajili ya waombolezaji, gizani, na manyunyu yamejaa juu mpaka likafanya tumbo katikati, maji yanamwagikia viti. Kamba walikuwa wamezifunga fundo la kawaida, likilowa linateleza. Mimi kamba nimezaliwa nazo. Nikamwambia mmoja, niachie hiyo. Nikafunga fundo la ngalawa, lile la kushikia tanga, unazungusha mara mbili unarudisha chini, kamba ikilowa ndiyo inazidi kubana. Kona ya kwanza ikakaa. Mzee mmoja akasogeza tochi karibu kabisa na mikono yangu. Akauliza, "Umejifunza wapi hii?" Nikasema Pangani, baharini. Akageuka akawaambia wenzake, "Mwacheni huyu afunge zote."

Nilifunga kamba kumi na nne. Kila nikihama nguzo, mzee na tochi yake ananifuata. Tulipomaliza akanishika mkono, akaniketisha kwenye gogo karibu na moto mkubwa wa kuni, nje palepale chini ya migomba, masufuria yakiwa juu ya mafiga. Nikapewa kikombe cha mtori, wa moto, wenye nyama. Walikuwa na mbege pia. Nilipowaambia mimi Mwislamu mtu mwingine akaniletea chai bila mimi kuomba.

Yule mama alikuja saa sita kuangalia chakula. Akaniona. Hakuniuliza habari za baridi. Alisimama, amejifunga kanga kichwani, macho yamevimba kwa kulia, akaniuliza, "Baba, wewe kule uani nani anakupikia?"

Nikashindwa kujibu. Nilikuwa na koo limejaa. Akasema basi, akaniwekea mkono begani, akaenda zake.

Siku ya mazishi nilibeba viti. Tangu hapo nikipita wananiita Mpwani, na mzee wa tochi kaniambia Jumamosi ijayo wanasafisha mfongo, nije na kamba.

Kuhusu nyumbani, sitaeleza yote. Nilipiga Jumapili nikamwambia, kwa maneno yaleyale ya dada nesi. Mama Aisha alinyamaza mpaka nikadhani mtandao umekata. Kisha akalia. Akasema tangu kusi lilipochachamaa samaki wa kukaanga hapati wa kuuza, amekopa kwenye kikoba elfu themanini akashindwa kurudisha, na wiki tatu anakwepa vikao. Hakutaka nijue kwa sababu niko kwenye baridi. Na mimi nilimficha baridi kwa sababu yuko na mtoto. Tuliongea saa moja na dakika kumi na nane. Deni tutalilipa kidogokidogo, nimezungumza na tajiri wangu. Na shule zikifunga, atakuja na mtoto aone huo mlima, kama utaonekana.

Sijapona, nisiwadanganye. Jana jioni ukungu ulishuka nikausikia tena ule uzito kifuani, uleule. Nilitoka nikaenda kukaa na mlinzi kwenye kibanda chake. Kumbe anatokea Rombo na ana watoto watano. Miezi mitano nampita.

Wa Sakina

Mkuu, nimesoma hapa nikasimama. Leo nimegonga mlango wa chumba namba tatu na sufuria ya makande. Nilitetemeka kama naenda kuposa. Ni dada mwuza mboga soko la Kilombero hapa Arusha, ana mtoto mgonjwa. Tumekula watatu.

Manka wa Uru

Ukienda mfongo Jumamosi, vaa viatu vya mvua, na usiogope yale maji, yanatoka juu kwenye msitu, ni baridi kuliko chochote ulichowahi kukanyaga. Mama yangu angependa kukuona.

Nesi wa Zamu

Jiko?

Mpwani Mlimani

Liko nje, dada. Leo mama wa jirani ameuliza kabla yako. Alisimama palepale kwenye masale akapaza sauti, "Mpwani, jiko umelitoa?"

Nesi wa Zamu

Haya. Leo sina zamu. Basi nalala.